Waliompandisha Tumainieli

Jumapili, 10 Mei 1987

Nimerudi Same. Miguu imevimba, vumbi mpaka kwenye meno. Tumainieli tumemzika Ijumaa, haraka haraka kabla Sabato haijaingia, nyuma ya nyumba ya baba yake kule Mamba, milimani. Rafiki yangu, mwanamke mwenzangu, wa tangu chuo cha ualimu. Sasa nitagombana na nani?

Maana tulikuwa tunagombana kweli. Kuhusu wanafunzi, kuhusu chumvi kwenye makande, kuhusu nani kati yetu atatangulia. Tumbo lilimtesa tangu Machi. Mwishoni alikuwa mwepesi kiasi kwamba nilimgeuza kitandani kwa mkono mmoja.

Waliompandisha mlimani ni wapangaji wake, Hezroni na mkewe Kurwa. Wameishi naye tangu mwaka jana kwenye ile nyumba ya kando ya barabara kuu. Wana pikapu nyeupe, mlango mmoja wa buluu. Bila pikapu ile tungemzika huku chini kwenye joto, mbali na mama yake, maana petroli yenyewe ni ya kusikia tu. Kwenye kona gari lilikwama. Hezroni akavua viatu, akaingia chini ya jeneza pamoja na vijana wa pale. Kurwa alilia mpaka sauti ikakauka.

Kwetu, mtu aliyekuletea maiti wako nyumbani haulizwi swali. Anapewa maji ya kunawa, anakaa ndani na wenye msiba, anachinjiwa. Tangu siku hiyo ni ndugu. Wazee wakanisimamisha mimi nitoe shukrani, eti mwalimu ndiye mwenye maneno. Nikatoa maneno. Nikamfunika Kurwa mabegani kwa khanga yangu mpya, nikasema kuanzia leo huyu ni mtoto wa Mamba. Watu wakaitikia amina. Nilimaanisha kila neno.

Alhamisi, 14 Mei

Maduka yamejaa! Juzi tu tulikuwa tunapanga foleni ya sabuni ya kipande. Leo sabuni ipo, ya rangi tatu, na dawa ya meno, na mitumba imetandazwa stendi nzima. Watu wanapita wanatazama, wanapapasa, wanarudisha. Ruhusa ya biashara imetolewa kwa wenye nacho.

Nimempelekea Erasmo makande. Mdogo wangu huyu, wa mwisho kwa mama, tangu mkewe afariki mwaka juzi amekuwa mtu wa kukaa tu. Alistaafu reli, anatengeneza baiskeli barazani kwake, hana mtoto. Nimekuta sufuria zimeota ukungu. Nimemgombeza, nimeosha, nimeondoka.

Kurwa alikuwa amenitangulia. Juu ya meza kulikuwa na bakuli la uji, limefunikwa kwa kitambaa safi. Nikafurahi. Na wivu kidogo nikaona, acha niseme ukweli, humu hakuna anayesoma.

Jumamosi, 30 Mei. Sabato.

Erasmo amekuja kanisani! Shati limepigwa pasi, ndevu zimenyolewa, na pembeni yake Hezroni na Kurwa. Ameimba besi. Sikuwa nimeisikia besi ile tangu siku ya mazishi ya mkewe, nikashindwa kuendelea na wimbo.

Baadaye tumekula kwake, wote wanne. Hezroni ni mtu wa Ugweno, ndivyo anavyosema, kwa hiyo Chasu chake, Kipare chetu hiki, kinachekesha. Tumecheka sana. Hao wa kaskazini wana lugha yao, hatuwezi kumlaumu. Kurwa alizaliwa kwenye mashamba ya mkonge, wazazi walitoka Tabora, hakubaki hata mmoja. Ameshajifunza kwamba sisi Wasabato hatunywi chai. Anatupikia maji ya tangawizi, makali, yanayochoma koo. Tangawizi nimempa mimi, nimeitoa Mamba.

Ananiita mama. Mwanangu aliye Dar es Salaam sijui kama bado analikumbuka neno hilo.

Nyumba ya Tumainieli wameachiwa. Ukoo ulisema pale pale msibani: waliomuuguza wabaki nayo, nani wa Mamba anataka kuishi kwenye joto la Same? Chumba cha mbele wamefungua duka. Wanauza dawa ya josho la ng'ombe, dawa ya panya, betri za redio sijui nini. Vitu vya ruhusa.

Jumatano, 10 Juni

Hezroni na Kurwa wamehamia kwa Erasmo. Nyumba ya Tumainieli wamepangisha. Erasmo ndiye aliyewaomba. Kanieleza habari hiyo huku anang'arisha kengele ya baiskeli, hanitazami, uso mzima unacheka. Amewapa chumba kikubwa. Yeye kahamia kile cha nyuma.

Nimesema sawa. Ningesema nini?

Jumatatu, 15 Juni

Iddi kanisimamisha sokoni. Huyu ni jirani yetu, babu yake na babu wa babu yake wamezikwa hapa hapa Same, na yeye hununua ndizi Ugweno kila wiki. Kaniuliza ile pikapu yenye mlango wa buluu inafanya nini kwa Erasmo. Nikamweleza. Akaanza kupanga upya ndizi ambazo zilikuwa zimepangwa.

Anasema mwaka juzi aliiona pikapu hiyo Shighatini, kule Ugweno. Ilipandisha maiti ya bibi mmoja mjane aliyekuwa akiishi Mwanga peke yake. Mume na mke ndio waliomleta. Walilia sana. Watu wakawachinjia mbuzi. Ila pale mwanamume aliitwa Clemence, na alisema kwao ni Mamba.

Nikamwambia pikapu nyeupe ziko nyingi. Iddi akasema ndiyo, mwalimu, ziko nyingi.

Jumatano, 17 Juni

Sijala vizuri tangu juzi. Mtu akiwa Mamba anasema yeye ni Mgweno. Akiwa Ugweno anasema yeye ni wa Mamba. Kipare chake kibovu kila mahali, na kila mahali tunamsamehe. Mimi mwenyewe nilicheka.

Lazima niende Shighatini.

Ijumaa, 19 Juni

Nimeenda. Basi mpaka Mwanga, kisha juu ya lori lililokwenda kuchukua ndizi, mimi na umri wangu huu. Baridi, ukungu, migomba mpaka mlangoni. Nimempata mtoto wa yule bibi, Aminieli, anapalilia kahawa. Mtu mpole. Kanipa kigoda na ndizi za kuchoma kabla hajauliza jina langu.

Nilimweleza mwanamume, mwanamke, gari. Kovu dogo juu ya nyusi ya Kurwa. Akaitikia kila kitu kwa kichwa. Nikamuuliza mama aliugua nini. Tumbo, akasema. Alikonda. Wale wawili walimwogesha, walimlisha kwa kijiko. Kisha nikamweleza habari za Tumainieli. Hapo akaacha kuitikia.

Akasugua udongo kwenye vidole. Mwishowe akasema: "Mwalimu, baba mkubwa alisimama mbele ya watu wote akawashukuru. Walilala kwenye kitanda cha mama. Sasa mimi nikamwambie mzee yule kwamba tuliwachinjia mbuzi watu waliomuua mama?"

Nikamwambia yuko mdogo wangu, yu hai, na ndiye anayefuata. Akasema amesikia. Akasema pole. Akarudi kwenye kahawa yake, na nilipogeuka njiani nilimwona amesimama tu, jembe liko chini.

Jumatatu, 22 Juni

Polisi wamenisikiliza, siwezi kuwasema. Askari ameandika kila kitu kwa mwandiko mzuri kuliko wa wanafunzi wangu wengi. Ila kasema mlalamikaji awe ndugu wa marehemu. Ndugu wakija, watapeleka ombi mahakamani, kaburi lifunguliwe, daktari apime. Mimi nilikuwa rafiki tu. Rafiki hafungui kaburi.

Alhamisi, 25 Juni

Mamba, kwa kaka yake Tumainieli, mzee Melkizedeki. Shikamoo, marahaba, habari za joto huko chini. Nikasema yote. Mzee alinisikiliza mpaka mwisho, mikono miwili juu ya fimbo.

Kisha akauliza: "Nani alisimama siku ile kutoa shukrani?"

Mimi.

"Na khanga ilikuwa ya nani?"

Yangu.

"Kwa hiyo twende kaburini kwa dada yangu na majembe kwa sababu mwalimu amebadili hotuba yake."

Ningemgombeza, lakini nilimwona anavyoing'ang'ania fimbo. Alitaka kuniamini na aliogopa kuniamini. Aliponisindikiza mpaka njiani alisema polepole kwamba Tumainieli aliletwa vizuri, alioshwa vizuri, alivalishwa vizuri, na hicho ndicho kitu pekee yeye kaka alichobaki nacho. Nimelia njia nzima ya kushuka.

Jumapili, 28 Juni

Nimemwambia Erasmo.

Nilimwita kwangu, nikafunga mlango. Nilidhani atakasirika. Hakukasirika. Alisikiliza kama mtu anayesikiliza mvua, anangoja ikatike.

Kisha akaniuliza: "Dada, tangu mke wangu afe, nani ameniuliza nimelalaje?"

Mimi, nikasema. Nakuja kila wiki.

"Wewe unauliza kama nimeosha sufuria."

Ni kweli. Nimekaa na neno hilo tangu asubuhi, na ni kweli. Sikujua kuuliza vingine. Miaka yote darasani unauliza umeosha, umemaliza, umeelewa. Huulizi umelalaje.

Akasema Kurwa humwuliza kila asubuhi, na akijibu vibaya, Kurwa hukaa chini amsikilize. Akasema watu wa kanisani wanasema mwalimu ana wivu. Akasema yeye hasemi hivyo. Alipotoka alinishika bega kwanza.

Jumapili, 5 Julai

Erasmo anaumwa tumbo.

Jumatatu, 6 Julai

Hospitali wamemlaza. Wametundika dripu, wanasema inawezekana ni taifodi, inawezekana ni maji. Nimemwambia daktari ninachofikiri. Kijana mwenyewe anaonekana hajalala. Kasema vipimo vya sumu havipo hapa, ila nimlishe mwenyewe kwa mkono wangu. Ndivyo nitakavyofanya. Kurwa alikuja na bakuli, nikalipokea, nikashukuru, nikalimwaga chooni.

Alhamisi, 9 Julai

Ameamka anadai makande. Mtu aliyekuwa anatapika manjano! Chakula changu tu, siku zote hizi. Nilitaka kumwambia unaona, unaona? Kabla sijafungua mdomo akasema uji wa Kurwa ndio uliomponya, ule nilioupokea mlangoni.

Nikisema niliumwaga, hataniruhusu kumkaribia tena.

Ijumaa, 10 Julai

Wamemruhusu kutoka. Amerudi kwake, na mimi nimehamia. Nimebeba kirago, Biblia na daftari hili, nikasema mgonjwa anahitaji dada yake. Hezroni alinipokea mzigo. Kurwa alinitandikia.

Nimeomba jambo moja: mimi na mdogo wangu tule kwenye sinia moja, kama tulivyolelewa kwa mama. Erasmo akafurahi, akaanza kusimulia jinsi nilivyokuwa namwachia minofu yote. Wote tukala pamoja, mikono minne sinia moja. Wakitaka kumuua mmoja sasa wajilishe wenyewe.

Jumapili, 12 Julai

Naogopa kuandika hili lakini nitaandika. Hapa ndani ni pazuri.

Asubuhi kuna kicheko. Kuna mtu anafagia kabla sijaamka. Jana Kurwa aliona miguu yangu ilivyovimba, akaleta karai la maji ya moto na chumvi, akapiga magoti, akaikanda. Hakuna aliyenigusa miguu tangu mume wangu afe. Nilimtazama utosini, nywele zimesukwa vizuri, nikawaza: mikono hii ndiyo. Na sikuitoa miguu yangu kwenye maji.

Sasa namwelewa Tumainieli. Nilimwuliza Aprili kwa nini haji kwangu nimuuguze mimi. Akasema, Rahabu, wewe utanisomesha. Nilidhani ni utani.

Alhamisi, 16 Julai

Erasmo amenenepa. Amepanda baiskeli mpaka stesheni na kurudi. Anataka kwenda Mamba mwezi ujao awatambulishe Hezroni na Kurwa kwa wazee, awakatie kipande cha shamba lake la tangawizi. Nikamwambia tutangulie mimi na wewe kesho tukaandae. Akasema bila wao haendi.

Hezroni hacheki tena nikiwa sebuleni. Leo nilipotoka bafuni niliwasikia wakizungumza jikoni. Kurwa alikuwa akisema wahame, waende Korogwe, huyu waachane naye. Hezroni akamjibu kwamba shida si mzee. Shida ni mwalimu.

Niliposikia hivyo moyo ulitulia, ajabu. Kama shida ni mimi, basi Erasmo ana nafasi.

Nimekwenda tena polisi nikawaambia hayo maneno. Wamesema watakuja Jumatatu kuzungumza nao. Iddi kaahidi atapita kila mchana.

Jumamosi, 18 Julai. Sabato.

Naandika nimekaa kitandani kwa Erasmo. Nisipoandika nitapiga kelele, na yeye hataki kelele.

Tulitoka kanisani saa sita. Kurwa alikuwa ametangulia kupasha kishumba alichopika jana, ndizi na maharage, Erasmo anakipenda. Nikakuta meza imetandikwa kitambaa cheupe. Sahani nne, chakula kimeshapakuliwa. Nikauliza sinia liko wapi. Kurwa akasema, "Leo Sabato, mama, tule mezani vizuri." Alikuwa anasema na kitambaa, si na mimi.

Nikasema sina njaa. Nikamwambia Erasmo twende kwangu tukale huko. Nilisema vibaya, kwa sauti ya darasani.

Erasmo alinitazama. Tumekua pamoja, alijua ninachowaza. Akatikisa kichwa, akavuta sahani yangu akaiweka mbele yake, ya kwake akanisukumia mimi. "Leo tumalize maneno haya, dada. Nakula cha kwako mbele ya macho yako. Nikimaliza utawaomba radhi wanangu."

Kurwa akasema, "Baba, hicho ni cha mama." Sauti ndogo. Akanyoosha mkono aichukue sahani. Hezroni akamshika kiganja, akakirudisha juu ya meza, taratibu, akaendelea kukishikilia.

Ndipo nikajua, na Erasmo hakuwa anawatazama. Alikuwa ananitazama mimi, anakula haraka, kijiko juu ya kijiko, amefurahi, ananionyesha. Nilisimama. Lakini mimi ni mzee, nilishika meza kwanza, nikasogeza kiti, na nilipoipiga sahani ikaruka ukutani, zilikuwa zimebaki ndizi mbili.

"Umemwaga chakula cha watu," akasema. Hakukasirika hata hapo.

Nilimpa maji ya chumvi atapike. Alitapika kidogo, akaniomba niache, anasema namdhalilisha mbele ya watoto. Iddi alipofika nilimwambia maneno matatu tu, akapanda baiskeli ya Erasmo kwenda kutafuta gari na askari. Siku ya Jumamosi, mchana huu, gari liko wapi? Mtaa mzima una gari moja, na liko hapa nje.

Hezroni ameshatandika godoro nyuma ya pikapu. Ameingia mara mbili. Anasema mama, tusichelewe, mzee anateseka, tumpeleke hospitali. Anasema kwa upole, majirani wako mlangoni wanamsikia, na mmoja amenisihi nisiwe na kiburi. Hospitali si mbali. Lakini pikapu ile ikishatoka hapa, mwenye usukani si mimi.

Nikikataa, anaungua hapa hapa mikononi mwangu tukimngoja Iddi. Nimejaribu kumwinua nimbebe. Siwezi.

Kurwa amepiga magoti upande wa pili wa kitanda. Anamfuta jasho. Analia, na machozi ni ya kweli, nimeyatazama vizuri, ni ya kweli. Erasmo anampapasa kichwa, anamwambia usilie mwanangu, ni tumbo tu, litatulia.

Sasa amenigeukia. Mdomo umekauka, nimesogeza sikio. Anauliza kama nimeona wanavyomhangaikia.

Nimemwambia ndiyo, mdogo wangu. Nimeona. Wanakupenda.

Amefumba macho, ametabasamu. Hezroni amewasha injini. Majirani wameshaingia, wawili wamemshika miguu, mmoja anashika mabega, wananingoja mimi nisogee. Barabarani simwoni Iddi. Mkono wangu mmoja uko chini ya kichwa chake, na bado sijautoa.